Barabara Iliyokuwa Ikirudi Nyuma

Mhandisi mpya alipoomba apewe historia fupi ya barabara yetu, watu wote waligeuka kunitazama. Mimi ni mwalimu wa hesabu, na ndimi katibu wa Kamati ya Barabara tangu ilipoundwa. Nilichaguliwa kwa sababu mbili: nina mwandiko mzuri, na siku ya uchaguzi sikuwepo. Nilimwandikia kurasa nne zenye tarehe, vipimo na nakala za barua. Sasa ninajua kwamba karibu nusu ya niliyoyaandika si kweli, ingawa niliyaandika kwa moyo mweupe, kwa hiyo naona ni haki niandike upya.

Barabara ilianzia mjini kwa hotuba na vigelegele. Ilikuwa ipite kwetu na kuendelea hadi mji wa pili. Ilikuja kilomita arobaini na moja, lami nyeusi yenye mstari mweupe katikati, na ilipofika kwenye kalvati, kidaraja cha kupitishia maji kilicho chini ya kijiji chetu, greda likavunjika giaboksi. Mkandarasi alisema anakwenda kutafuta kipuri. Kwa ajili ya kipuri hicho kimoja alipakia mitambo mingine yote, mahema, wapishi na sufuria zao, akaondoka. Watu wenye akili wangeelewa siku ile ile. Sisi tuliunda kamati. Penye nia pana njia, wanasema. Kwetu nia ilikuwa tele, njia ndiyo iliyokwama kwenye kalvati.

Aliyeachwa nyuma ni dereva wa greda. Aliambiwa alinde mashine wiki mbili, akapewa kontena la kulala na taa moja. Hiyo ni miaka kumi na tisa iliyopita. Tulimwita Bwana Greda, na sidhani kama kuna mtu kijijini anayekumbuka jina alilopewa na mama yake. Alichomelea majembe yetu, akatengeneza mashine ya kusaga, akazoeleka. Lakini kila mtu alijua kwamba hakubaki kwa ajili ya greda. Alibaki kwa ajili ya shangazi yangu.

Shangazi ni dada wa baba, fundi cherehani, na nyumba yake ndiyo ya kwanza ukipanda kutoka kwenye kalvati. Ina vyumba viwili na sebule yenye cherehani dirishani, na sare za shule zimetundikwa ukutani zikisubiri vifungo. Nyumba hiyo ameijenga mwenyewe, sare kwa sare. Mwaka wa kaptula ulitoa msingi. Mwaka shule ilipobadili rangi ya sketi, sketi zikatoa bati. Kisha wapimaji wakapita na kopo la rangi nyekundu, wakachora X kubwa kando ya mlango wake, maana yake nyumba iko katikati ya barabara na itabomolewa. Nyumba kumi na moja zilichorwa. Ukishachorwa huruhusiwi kuongeza chumba, kubadili bati wala kupiga plasta, na hulipwi chochote mpaka greda lifike. Unangoja tu. Shangazi ana ndoo tatu ambazo hazijawahi kufanya kazi nyingine zaidi ya kukaa chini ya matundu.

Bwana Greda alimjia mara ya kwanza kabla giaboksi haijavunjika, na ovaroli iliyochanika goti. Akashonewa. Wiki iliyofuata alirudi na goti lile lile. Mara ya tatu shangazi alimuuliza, "Hivi wewe hilo greda unaliendesha kwa goti?"

Badala ya kucheka, yule bwana alimwambia anataka kumuoa. Mimi nilikuwepo, nimekuja kuchukua suruali, na nakiri nilichelewa kuondoka kwa makusudi. Shangazi alitazama nje ya dirisha. Kule chini vumbi la mitambo lilionekana, halikuwa mbali hata kilomita mbili.

"Barabara yenu ikifika mlangoni kwangu, nitakujibu," alisema, akarudi kwenye cherehani yake.

Kwa mwendo wa siku zile, jibu lilikuwa lipatikane baada ya wiki tano. Bwana Greda alianza kazi kabla ya wenzake na kumaliza baada yao. Wiki ya nne giaboksi ikafa. Wenye ndimi zao walisema imekufa kwa mwendo wa mapenzi.

Basi tangu hapo kwenye kila harusi lazima atokee mmoja wa kuuliza, "Bwana Greda, lami imefika wapi?" Naye hujibu bila kununa, "Inakuja." Shangazi naye, akiwa meza ya pili, hujifanya anatafuta kitu kwenye mkoba.

Kazi yangu kubwa kama katibu ilikuwa kupima. Kila mwaka baada ya mvua nilichukua futi kamba ya shule, nikapima kutoka mwisho wa lami hadi mlangoni kwa shangazi, ili tuwe na takwimu za kuandikia ofisini. Mwaka wa kwanza nilipata mita mia sita na arobaini. Mwaka wa pili, mia sita na arobaini na mbili. Nilidhani nimekosea, nikarudia, nikapata zile zile. Mwaka wa tano, mia sita hamsini na moja. Nimesikia barabara zinazochelewa na barabara zinazoishia kwenye karatasi, lakini yetu ilikuwa inarudi ilikotoka.

Nililaumu mvua. Niliandika barua kumi na moja kuhusu mvua, na nilizipenda barua zile; ya sita ilikuwa na maneno "uharibifu wa kusikitisha" mara nne. Bwana Greda alikuwa akiupigania ule ukingo kama mtu anayelinda mpaka wa shamba. Alichemsha lami kwenye debe, akapachika mawe, akashindilia kwa mguu. Mwaka uliofuata, pengo lingine. Ofisi ilituletea mtaalamu wa maji, ambaye alisimama pale mikono nyuma kwa saa nzima, kisha akaandika kwamba vipande vinatoka vikiwa vizima na havionekani vilikoangukia, jambo lisilo la kawaida kwa maji. Nilikasirika sana. Nilimwandikia mkubwa wake kwamba mtu yule hajui maji.

Mwaka huu nilipata mia sita themanini na tatu. Mwezi mmoja baadaye, mhandisi akaja.

Alikuwa mwanamke kijana mwenye viatu vikubwa na sauti ya upole. Alituita darasani kwangu, watu wazima tukabanwa kwenye madawati ya darasa la tatu, magoti kidevuni. Alisema barabara itamalizwa. Kabla hatujapiga makofi akaongeza kwamba itapita njia nyingine, nyuma ya kilima, kwa sababu huku kwetu ni tope. Alama za X zitafutwa. Lakini faili haliwezi kwenda mbele mpaka wenye nyumba zote kumi na moja watie sahihi kwamba wamekubali njia ya zamani ifutwe. Asipotia mmoja, tutakaa kama tulivyo.

Kumi walitia sahihi pale pale, wengine wakigombania kalamu. Shangazi alisimama, akajifunga khanga vizuri, akasema, "Nipeni mpaka Ijumaa."

Kijiji kizima kilijua maana yake. Akitia sahihi, barabara haitafika mlangoni kwake mpaka mwisho wa dunia, na swali la Bwana Greda litakufa bila kujibiwa. Asipotia, hakuna barabara kwa mtu yeyote. Na kulikuwa na jambo la pili. Mkandarasi mpya alikuwa analichukua lile greda Jumamosi, aende kulifufua kwenye kambi yake upande wa pili wa kilima na mbali zaidi, na alikuwa amemwomba Bwana Greda aende nalo akafundishe vijana. Naye alikubali. Alisema amechoka kulinda kitu kisichokwenda. Alisema hivyo akitabasamu, lakini mimi sikupenda lile tabasamu.

Alhamisi baada ya vipindi nilikwenda kwa shangazi na karatasi niliyoigawa safu mbili, faida na hasara.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba, mwalimu. Umekuja kama mtoto au kama kamati?"

"Kama vyote viwili."

"Basi mtoto akae, kamati isubiri nje."

Nilikaa. Nilimsomea safu ya kwanza. Akawa anatia uzi kwenye sindano. Nilipofika safu ya pili aliniambia mikono yangu ina wino na nisije nikawachafulia watu sare, nikanawe kwanza. Nikatoka uani.

Uani kwa shangazi kuna kinjia kinachotoka jikoni hadi bafuni, kimesakafiwa vizuri, hata mvua ikinyesha hukanyagi tope. Nimekipita mara elfu. Niliwahi hata kukisifu. Siku ile alikuwa amekideki, na jua lilikipiga sawasawa, nikaona vipande vitatu vina mstari mweupe.

Niliinama. Nilikigusa kimoja kwa kidole. Kikulacho ki nguoni mwako, na mimi kilichokuwa kikinila ndicho kilichonishonea nguo yenyewe.

"Shangazi! Hii ni lami!"

"Punguza sauti, majirani wana kazi zao."

"Ni mali ya umma hii!"

"Ililala nje miaka yote hiyo, nikaiingiza ndani. Mngenishukuru."

"Nimeandika barua kumi na moja! Nimemtukana mtaalamu wa maji!"

"Yule bwana alikuwa anajua kazi yake," alisema shangazi. "Nilimwonea huruma."

Alikuwa ametoka mlangoni, miwani imeshuka puani, futi shingoni. Alinieleza bila haya. Kila alipokwenda kisimani alfajiri alipita kwenye kalvati, akang'oa kipande kimoja, viwili, akavitia kwenye ndoo na kurudi navyo. Siku Bwana Greda akiziba, yeye anafumua. Alifanya hivyo miaka kumi na tisa.

Nilikaa kwenye ngazi ya jiko. Nilikuwa na hasira, nayo hasira ilikuwa ya mwalimu wa hesabu aliyedanganywa na ndoo.

"Kama humtaki si ungemwambia tu? Mtu mzima yule, angeondoka, angeoa kwingine."

"Nani kakwambia simtaki?"

Akakaa kando yangu, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue hakunitania.

"Wewe ulikuwa mdogo nilipoachika," alisema. "Yule mume aliamka siku moja akasema nyumba ni yake. Vyombo vyangu vikawekwa nje. Cherehani ikanyeshewa. Nikaapa kwamba sitaishi tena chini ya paa ambalo mtu anaweza kuniambia ni lake. Nikajenga hii. Hata bati halijapata kutu, wanakuja na kopo lao wananichora. Halafu anakuja mwanamume mzuri, mpole, goti limechanika, ananiambia anataka kunioa. Na amekaa wapi? Amekaa juu ya mashine inayokuja kubomoa nyumba yangu. Ningemjibu nini, mwanangu? Nikisema ndiyo, namfuata sina hata kizingiti. Nikisema hapana, anaondoka. Kwa hiyo nikamwambia asubiri. Na barabara ilipokaribia, niliogopa. Iliposimama, nikafurahi, kisha nikaona aibu kwa kufurahi."

"Na sasa?"

"Sasa wameniondolea X," alisema. "Wameniondolea na cha kusingizia."

Niliikunja karatasi yangu ya safu mbili nikaitia mfukoni. Haikuwa na safu ya jambo lile.

Ijumaa alikuja darasani amevaa gauni lake la kijani, la harusi za watu. Bwana Greda alikuwepo pia, ameitwa kukabidhi mashine. Shangazi aliomba kalamu, akaandika jina lake lote polepole, herufi moja moja, kama mtoto anayesahihishwa. Mhandisi akapiga muhuri. Watu wakapiga makofi, mwenyekiti wa kamati akalia, maana alikuwa mwenyekiti kwa miaka kumi na tisa na sasa hakujua awe nani.

Bwana Greda alimpa shangazi mkono. "Hongera, fundi," alisema. "Sasa utabadili bati." Kisha alivaa kofia yake akatoka, na shangazi, aliyekuwa amefungua mdomo kusema kitu, akabaki nao wazi mbele ya kijiji kizima. Nilimwona akiwatazama watu wote wale na macho yao. Akaufunga.

Usiku ule sikulala vizuri, na sidhani kama nilikuwa peke yangu.

Jumamosi saa mbili asubuhi shangazi alinigongea. "Vaa viatu, tunakwenda kwenye kalvati." Njiani hakusema neno, na shangazi yangu kunyamaza mita mia sita themanini na tatu ni jambo ambalo ningeliandikia barua.

Lori la kubebea mitambo lilikuwa limeshafika. Greda lilikuwa juu yake, limefungwa minyororo, kutu tupu. Bwana Greda mwenyewe alikuwa anatoa vitu kwenye kontena: taa, debe la lami, mfuko wa nguo, godoro lililofungwa kamba. Alipotuona alisimama wima.

"Mwalimu. Fundi. Mmekuja kuniaga?"

"Nimekuja kukwambia jambo," shangazi alisema. Akakohoa. "Lami yako haikuliwa na mvua. Niliing'oa mimi. Kila mwaka. Ipo uani kwangu."

Nilitazama chini. Nilikuwa tayari kuingia katikati, ingawa sijui ningefanya nini, maana mimi si mtu wa kupigana.

Bwana Greda alilishusha lile debe. "Ninajua," alisema.

"Unajua?"

"Tangu mwaka wa kwanza. Mvua haivai ndala." Alionyesha udongo laini kando ya lami. "Nyayo zako ninazijua kuliko za kwangu. Ya kushoto imelika kisigino."

Shangazi alizitazama ndala zake.

"Na tangu ulipoanza kulalamika mgongo, miaka saba sasa," aliendelea, "nilikuwa nakulegezea. Vipande viwili vitatu kila wiki, visikusumbue kung'oa."

Hapo ndipo nilipoelewa kwamba takwimu zangu zote za miaka saba ya mwisho zilikuwa kazi ya watu wawili, mmoja akilegeza na mwingine akibeba, na mimi katikati yao na futi kamba. Ningependa kusema nilicheka. Nilicheka baadaye.

Shangazi alikasirika. Alikasirika kweli, mikono kiunoni. "Miaka yote hiyo unajua! Unaniona naumia na ndoo, unaziba, nafumua, unaziba. Kwa nini hukusema?"

Yule mzee alivua kofia, akaigeuzageuza mikononi. Dereva wa lori alipiga honi. Hakuna aliyegeuka.

"Ningesema," alijibu, "ungeacha kuja."

Shangazi aliishusha mikono kutoka kiunoni. Alitazama kalvati, akatazama lile kontena tupu, akajipangusa uso kwa ncha ya khanga bila kujificha. Honi ikapigwa tena.

"Hiyo kambi," alisema hatimaye, "wanafanya kazi siku ngapi?"

"Sita."

"Nenda kafanye kazi. Usije ukawaachia vijana waharibu gia." Akavuta pumzi. "Taa chukua, kule utaihitaji. Nguo chukua. Godoro liache."

Bwana Greda alimtazama, kisha akanitazama mimi, kana kwamba mwalimu wa hesabu angemsaidia kuhakikisha jumla. Nilitikisa kichwa kukubali. Akalinyanyua godoro, akanitwika yeye mwenyewe, akalisawazisha kichwani pangu kwa mikono miwili.

Lori lilipoondoka tulianza kupanda. Ilikuwa saa nne kasoro, siku ya soko, na nadhani hakuna mtu aliyebaki nyumbani. Mwenyekiti alitoka kwa kinyozi na nusu ya nywele. Wanawake wa kisimani waliweka ndoo chini. Kila baada ya hatua kumi mtu aliuliza hilo godoro ni la nani, na kila mara nilifungua mdomo nieleze kwa utaratibu, kama katibu, na kila mara shangazi aliniwahi.

"La mume wangu," alisema.